Mjomba Anaitwa Mama, Mimi Naitwa Tambi

Jamani, mimi India nilikuja kama msindikizaji. Kwa nilivyoelewa nikiwa Temeke, msindikizaji ni mtu wa kubeba begi, kusaini fomu na kumalizia wali wa mgonjwa ukibaki. Hakuna aliyeniambia kwamba nitakuwa miguu ya mtu.

Mjomba kawekewa goti la bandia hapa Chennai, wiki ya tatu hii, na goti lenyewe limekaa vizuri kweli. Ila mwili wote uliobaki nao umeomba likizo. Nipe maji. Punguza feni. Nenda ghorofa ya nne kachukue majibu. Nikifungua mdomo kulalamika ananimaliza: "We hujui. Ungekaa kwenye mwili huu siku moja tu, ungejua."

Na kuita usafiri wa kumbeba ndiyo kazi nyingine. Siku ya kwanza nilisimama barabarani naita "bajaji! bajaji!" watu wananiangalia tu. Yaani chombo kimetoka kwao, jina kalitoa mwenye kampuni yao, halafu hawalijui! Kumbe kampuni ni Bajaj Auto. Sisi tumechukua kipande cha mbele, wao wamebaki na cha nyuma. Huku ni "auto" tu. Nikapanda, nikamwagia dereva Kihindi changu chote nilichokusanya tangu utoto kwenye mapicha, nahi, chalo, pyaar. Akaniangalia kama nimemtukana shangazi yake. Mlinzi wa gesti, mzee mwenye masharubu ya steringi, ndiye aliyenisaidia. Huku lugha ni Kitamil, na mwaka 1965 watu waliingia barabarani kukataa kubebeshwa Kihindi, wengine wakafa. Na mimi nakuja na "chalo" yangu.

Huyo mlinzi ndiye aliyemharibia mjomba jina. Kaniuliza huyu mgonjwa ni nani wako, nikamwambia ni kaka wa mama yangu. Akachangamka: "Aah, mama!" Nikasema hapana mzee, siyo mama, kaka wa mama. "Seri, seri. Mama!" Tumebishana mpaka chai ikapoa. Kumbe kwa Kitamil mjomba ndiye mama, na mama ndiye amma. Basi gesti nzima, kuanzia dobi mpaka watoto wa jirani: mama kaamka? Mama kala? Mama kaenda haja? Mzee wa miaka 72, ana ndevu mpaka kifuani, kastaafu reli Tanga!

Nilimcheka siku mbili. Ya tatu nikagundua mimi mwenyewe naitwa thambi, maana yake mdogo wetu, lakini wakitamka wao inatoka "tambi" kabisa, zile za sukari na hiliki. Tambi lete. Tambi beba. Chumba namba sita wanaishi mama na tambi.

Juzi daktari kasema mzee asijilaze sana, atembee, akae, ainuke. Nikaona afadhali nimpeleke sinema, picha la huku litanishinda nini, mimi niliyelelewa na mapicha? Bango lina kijana, lina mzee mwenye nyumba, na katikati pana mashine imefungwafungwa nyaya kama friji iliyopelekwa kwa fundi kishoka. Mashine inawaka, roho ya huyu inaingia kwa yule.

Sikilizeni, picha nyingine zote mtu unaelewa bila lugha. Steringi ni yule asiyekufa, adui ni yule anayecheka peke yake, mama ni yule anayelia. Hii ya kubadilishana miili inakunyang'anya hivyo vyote. Sura ya kijana, lakini ndani mzee. Sura ya mzee, lakini ndani kijana anayemdai mzee, au anayedaiwa, sijui. Na maandishi ya kutafsiri hakuna hata herufi moja! Maandishi pekee yalitokea adui alipowasha sigara, maana sheria yao inataka onyo likae pale chini mpaka sigara izimwe. Nikawa naomba yule bwana avute nyingine, angalau nipate cha kusoma.

Hapo ndipo nilipomkumbuka Lufufu, yule mtafsiri wetu wa mapicha. Enzi za mikanda tungekuwa tumeshaambiwa: "Huyu unayemuona siyo yeye, ni baba mwenye nyumba!" Sauti moja inamsemea steringi, bibi harusi na farasi, na hakuna aliyewahi kulalamika. Kenya nao wana DJ Afro wao. Mimi Chennai sina mtu.

Kijana wa kiti cha pili akanihurumia kwa Kiingereza. Lakini badala ya kunieleza picha, kaanza kunieleza kwamba dada yule mzuri sauti siyo yake, kuna mwenzake anamwekea studio. Na nyimbo je? Ooh, nyimbo ni mwingine tena. Hata Rajinikanth, steringi wao mkubwa, alikuwa anafungua mdomo tu, anayeimba ni S. P. Balasubrahmanyam. Sasa dada mmoja ana mwili wake, anaongea kwa koo la mtu wa pili, akianza kuimba anaingia wa tatu. Hawa watu mashine ya nini?

Muda wote huo mguu wa mjomba uko mapajani kwangu, maana goti halitaki kukunjwa muda mrefu. Nilidhani kalala. Mara namsikia: "Huyo kijana ndiye mzee."

"Umejuaje?"

"Hujaona anavyokaa? Anakishika kiti kwanza, kama anakiuliza. Halafu anajishusha kwa awamu." Akanyamaza kidogo. "Na yule mzee anapanda ngazi mbilimbili, akifika juu anashangaa kifua kimebaki chini. Huyo ndiye kijana wako."

Nikaangalia. Wallahi ni kweli. Kuanzia hapo mjomba kawa Lufufu wangu, ananitafsiria mwendo. Huyu anatafuta ukuta kabla ya kuinuka, ni mzee. Huyu kaokota funguo bila kusema "yallah", ni kijana. Sinema nzima wanapiga miluzi, hakuna aliyetunyamazisha.

Masaa mawili na nusu, mguu wa mtu mzima. Taa zinawaka, mapaja yangu hayapo. Nainuka, nakishika kiti kwanza. Mjomba kaniangalia, hakusema kitu, kanipa mkongojo: "Nishikie hii, inanikwaza." Akatangulia na goti lake jipya.

Tumefika gesti usiku, taa ya getini imeungua. Mjomba kashuka kwenye auto, huyoo, kapanda ngazi za barazani. Mimi nyuma, mfuko wa dawa mkono huu, mkongojo mkono ule, ganzi kuanzia nyonga mpaka kidole. Mlinzi kaja mbio gizani, kanidaka kwapani kwa heshima zote:

"Mama, medhuva, medhuva." Polepole.

Kabla sijamjibu, mjomba kageuka kule juu, kashika kiuno:

"Pole, mjomba!"