Haikuwa sabuni jamani, lilikuwa nanasi

Haya, kaeni. Tangu jana jioni simu yangu haijatulia, na kila anayenipigia anaanza kucheka hata salamu hajatoa. Nimeelewa. Rafiki yangu, yule yule mnayemjua, mdomo hauna komeo, ameshawasimulia. Mmeambiwa niliwalisha wageni sabuni, bosi wangu akatoka povu na mkewe akakimbizwa hospitali. Hakuna aliyekimbizwa popote. Povu halikuwepo. Mama wa watu alikwenda msalani mara mbili tu, na mara zote mbili alirudi kwa miguu yake.

Ukweli wenyewe ni mbaya zaidi, ila ni wangu, acha niuseme mwenyewe.

Chanzo ni kujidai. Bosi alisema Jumamosi atapita na mkewe, pamoja na wenzetu wawili wa ofisini, "tunywe chai tu". Mwenye akili angechemsha chai. Mimi nikasema hapana, hawa lazima wapokewe na kitu cha kuchangamsha mdomo, vile vitu vidogo vidogo vya kwenye vijiti, mtu anakishika kwa vidole viwili huku anazungumza mambo mazito. Nikatafuta maelezo, nikapata. Rahisi mpaka inatia aibu: jibini laini la kupaka, nanasi la kopo lililochujwa maji na kukatwakatwa, asali kidogo. Finyanga vidonge, vigaragaze kwenye korosho zilizopondwa, weka kwenye friji saa moja. Kila kidonge kikalie kipande cha tufaha, zabibu ipande juu, kijiti kipite katikati. Dakika 20 za kazi. Aliyeandika alisema hata mtoto anaweza. (Mtoto angeweza kweli. Mtoto angefuata maelezo.)

Nilipofika penye "nanasi la kopo" nikacheka kwa pua. Mimi na kopo wapi na wapi? Nilikuwa na nanasi langu zima, limeiva, linanukia mpaka chumbani. Nikalimenya, nikalikatakata, nikalichanganya na jibini kwa mkono wangu mwenyewe. Na ile saa moja ya friji nikaona ni uchoyo. Nikaviweka Ijumaa saa 3 usiku, vilale, vikolee.

Nilipata vidonge 24. Vyeupe, vya duara, vimejipanga kama askari wa gwaride. Mdogo wangu akapita akanyoosha mkono. Nikamchapa mwiko wa vidole. "Usiguse! Za wageni hizi!" Akasema anaonja kimoja tu, amwambie dada yake kama kimekolea. Nikamwambia ulimi wake haujafikia kiwango cha kuonja chakula cha watu wazima. Shikeni hapo, tutarudi.

Na mimi mwenyewe sikuonja. Naomba mlielewe hili, kwa sababu ndilo swali mnaloniuliza wote. Sikuonja kwa sababu nilitaka idadi ibaki 24. Nilikuwa nimeshapiga hesabu ya jinsi vitakavyokaa mezani.

Jumamosi saa 9 alasiri nikafungua friji. Vipande vya tufaha, ambavyo nilivikata usiku ule ule kwa bidii ile ile, vilikuwa vimegeuka rangi ya viatu. (Ndiyo, ningevipaka ndimu vingebaki vyeupe. Asanteni. Mmeniambia watu 11 mpaka sasa.) Vidonge navyo vilikuwa vimelegea kidogo, vimekaa kama watu waliochoka na safari. Na vilikuwa 23. Nikahesabu tena, 23. Nikasema labda jana nilihesabu vibaya.

Kuficha ile rangi ya tufaha nikapata wazo, na mawazo yangu ndiyo yanayonimaliza. Nikachukua nusu ya tikiti, nikalilaza kifudifudi kwenye sahani, nikavichomeka vijiti vyote mgongoni mwake mpaka likawa nungunungu. Nikampa na macho ya zabibu. Alipendeza, jamani. Nilimpiga picha. Ile picha nimeifuta, msiniombe.

Saa 10 wakaingia. Nungunungu katikati ya meza, watu wakamsifu. Bosi akasema, "Ahaa, leo tumekuja kwa wataalamu." Mkewe, mama mmoja mtulivu, mwenye sauti ya kubembeleza, akauliza, "Mwanangu, hiki kinaitwaje?" Nikajibu kwamba hakina jina, ni ubunifu tu. Rafiki yangu akanitazama. Ananijua.

Mama akachomoa cha kwanza, akakiweka chote mdomoni.

Sasa nataka mtembee nami taratibu hapa, kwa sababu mimi nimekuwa nikipatembea tangu jana kila nikifumba macho. Alitafuna mara moja. Akatafuna mara ya pili, akatikisa kichwa kwa kukubali, nami nikajaa kifua. Mara ya tatu taya likasimama. Siyo kwamba lilipunguza mwendo. Lilisimama, kama gari lililokata mafuta. Macho yakabaki yananitazama, mazuri, ya upole, huku ndani yake kuna mtu anaomba msaada. Kijiti kikabaki kinaning'inia mkononi. Na mimi, kwa ujinga wangu, nikadhani ameduwazwa na utamu. Nikamwambia, "Mama, chukua kingine!"

Wakati huo huo bosi alikuwa ameweka chake. Na wale wenzetu wawili. Sebule ikawa kimya, kimya cha watu wanaofikiria pa kutemea.

Bosi ndiye aliyemeza kwanza. Nilikiona kikishuka kooni. Akanywa maji, glasi nzima, akaifuta midomo, akasema polepole, "Hivi ulisema hivi ni... vidonge?"

"Ndiyo bosi."

"Ni vidonge kweli."

Rafiki yangu akaniinamia sikioni: "Wee, umeoshea sabuni?" Hapo ndipo hadithi ya sabuni ilipozaliwa. Nilimkanyaga mguu. Halafu bosi, kwa ustaarabu wake wote, akasema maneno yaliyonimaliza: "Mbona mwenyeji huli?"

Watu watano wananitazama. Nikanyoosha mkono kwa nungunungu. Na nikinyoosha tu, kidonge cha pembeni kikateleza kwenye kijiti chake, taratibu, kikaacha njia nyeupe kama konokono, kikakaa chini ya sahani: pwa. Cha pili kikamfuata. Nungunungu alikuwa ananyonyoka mbele ya wageni. Nikachomoa changu haraka kabla hakijajinyonyokea, nikakitia mdomoni, nikatabasamu.

Mwanzo ulikuwa utamu. Asali ile pale, korosho ile pale, nikaanza kuwashangaa hawa watu. Halafu huko nyuma kabisa ya ulimi, pale kinaponasia kidonge ukishindwa kukimeza, pakaamka kitu. Chungu. Siyo chungu cha kahawa. Chungu cha klorokwini iliyovunjikia mdomoni, shubiri yenyewe ingesema nisamehe. Na hakikuondoka, kila nikimeza mate kinaongezeka, na jibini limeshika kwenye kaakaa, haliendi mbele wala halirudi nyuma. Machozi yakanilenga. Nikatafuna mpaka mwisho kwa sababu walikuwa wananihesabia.

Nikameza. Nikasema, "Ndivyo kinavyotakiwa kuwa. Kina kauchungu fulani. Ndivyo wanavyokula huko nje."

"Nje wapi?" akauliza mmoja wa wale wenzetu, hata hakuwa na nia mbaya.

"Ufaransa."

"Ufaransa upande gani?"

"Upande wa ndani."

Siwezi kueleza kwa nini nilisema hivyo. Rafiki yangu alilazimika kwenda jikoni, na nilimsikia huko anaacha pumzi kama tairi. Hilo la Ufaransa hakuwasimulia, mnaona? Kanibakizia la sabuni tu. Basi sasa mmelipata kutoka chanzo chake.

Yaliyobaki yalikwenda haraka. Chai ikanywewa bila kitafunwa, wakakumbuka wana safari ya mbali, wakaondoka. Mama alinishika mikono yote miwili mlangoni akasema, "Umejitahidi, mwanangu," kwa sauti ile wanayotumia kwenye misiba. Nikaanza kutoa vyombo. Vidonge vitatu nilivikuta kwenye chungu cha maua, kimoja kimefungwa kwenye karatasi ya kufutia mikono kama zawadi, na kingine chini ya mto wa kochi, ambapo alikuwa amekaa bosi. Bosi mwenyewe! Sijui Jumatatu nitamtazamaje, na sijui yeye atanitazamaje.

Usiku nikakaa kusoma, kwa sababu nilitaka kujua ni nani wa kulaumiwa. Ni lile nanasi. Nanasi ambalo halijapikwa lina kimeng'enya kinachoitwa bromelaini, kazi yake ni kukatakata protini. Ndiyo maana ukila nanasi jingi ulimi unawasha. Ndiyo maana nyama ngumu ukiilaza kwenye nanasi inalainika, kama unavyofanya na papai, lenye kimeng'enya cha aina hiyo hiyo. Sasa jibini ni nini? Protini. Protini ya maziwa ikikatwakatwa hivyo, vipande vyake vingine huwa vichungu. Nanasi la kopo limeshapitishwa kwenye moto, kile kimeng'enya kimekufa, halina ugomvi na mtu. Mimi nikakataa kopo, nikaliingiza nanasi hai kwenye jibini, nikawafungia pamoja saa 19. Hata ile saa moja ya kwenye maelezo nadhani ingenisitiri. Wangekula, wangesifu, wangeondoka.

Nikamwita mdogo wangu nimpe somo la sayansi, maana ni vizuri mtoto ajue. Nikamweleza nanasi, nikamweleza protini, akawa anatikisa kichwa tu, haulizi swali hata moja. Hapo ndipo nikakumbuka ile 23.

"Wewe. Ulikula kimoja?"

"Asubuhi."

"Kilikuwaje?"

"Kichungu."

"Kichungu asubuhi, wageni wanakuja jioni, na hukuniambia?"

Akaangalia vidole vyake, vile nilivyovichapa mwiko. Akasema, "Si ulisema ulimi wangu haujafikia kiwango."