Dictograph ya Ohio 1911, ilinasa rushwa au iliitengeneza?

Mtu akisikia wabunge wa Ohio kule Marekani walinaswa kwa rushwa na mashine ya Dictograph mwaka 1911 anajua kuna rekodi mahali tusikilize wote, kumbe hamna. Ile mashine ilikuwa hairekodi kitu, ni kipaza sauti kikali tu kimefichwa chumba cha hoteli pale Columbus, waya unapita mpaka chumba cha jirani, na huko kuna karani wa hatimkato anasikiliza na kuandika. (Inayorekodi ni Dictaphone ya silinda za nta, hata magazeti ya enzi hizo yalikuwa yanazichanganya.) Kwa hiyo ushahidi ni daftari la mtu, na mtu mwenyewe yuko upande wa mpelelezi aliyeweka mtego, William J. Burns. Wakili wa utetezi lazima apang'ang'anie hapo.

Afu kuna ishu ya hela. Vijana wa Burns walijifanya watu wenye shida na miswada wakaingia na mshiko wao mkononi. TAKUKURU huku kwetu Tanzania wakiweka mtego mara nyingi kuna mtu kashaombwa rushwa akaenda kulalamika, sasa pale hela imemfuata mbunge. Mahakama ya Juu ya Marekani ilikuja kuukubali utetezi wa kutegwa na serikali mwaka 1932, wa Ohio walishachelewa sana.

Ila nao tusiwaonee huruma kupita kiasi. Rushwa inafanyika watu wawili mlango umefungwa, na wote wana kosa, nani atasema? Karani wa chumba cha pili ndo alivunja hiyo ngome. Rodney Diegle, mpambe wa Seneti ya Ohio, alikula miaka 3 jela kwa kuwa dalali kati ya wapelelezi na maseneta, na mimi siamini mtu anajifunza udalali siku hiyohiyo aliyoonyeshwa noti, huyo njia alikuwa anaijua.

Kinachonikera ni nani anachagua wa kujaribiwa, maana Burns alikuwa kampuni binafsi, anayelipa ndo anasema tukamtege nani. Na mashine haina upande. 1921 Burns akapewa kuongoza Bureau of Investigation (ndo ikaja kuwa FBI), 1924 akatoka, na 1927 wapelelezi wa kampuni yake wakawa wanawafuatilia kimyakimya wazee wa baraza kwenye kesi ya Harry Sinclair, tajiri wa mafuta wa Teapot Dome, skendo ya rushwa ya mafuta ya serikali, aliyewalipa ni Sinclair mwenyewe. Kwa kosa hilo Burns na mwanae walihukumiwa, Burns alifutiwa hukumu 1929, mwanae akabaki na faini.