Gobore la Babu Ndani ya Daladala

Oktoba 2022, siku za mwisho za msamaha uliotangazwa tangu tarehe 1 Septemba kwa waliomiliki silaha kinyume cha sheria, ukoo wetu wa Kibosho ulikuwa ukigombania gobore la marehemu babu lililokutwa darini, jeusi kwa masizi. Baba mdogo, kitindamimba aliyeachiwa kihamba, yaani shamba la migomba la nyumbani, kwa mila zetu za Kichagga, alishikilia kwamba aliyerithi migomba amerithi na gobore. Nilimsomea Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, nikamweleza kwamba gobore nalo ni silaha, kwamba leseni hairithiwi kama ng'ombe, na kwamba babu hakuacha leseni yoyote. (Aliacha madeni, lakini hayo hakuna aliyeyagombania.)

Alipokubali tulisalimishe, lilibaki suala la usafiri. Ofisi ya mtendaji wa kata ilikuwa jirani, na silaha zilipokelewa hata huko, ila baba mdogo hasemezani na mtendaji tangu kesi ya mpaka; akaamua liende polisi Moshi mjini. Alilifunga kwa majani makavu ya migomba, akalipakia kwenye daladala katikati ya mikungu ya ndizi, konda akalitoza nauli ya mzigo.

Njiani trafiki alitusimamisha, akachungulia dirishani.

"Shikamoo mzee. Mkungu gani huo mrefu hivyo?"

Baba mdogo ni mzee wa kanisa, na uongo haumtoki hata kwa dawa.

"Marahaba. Si mkungu, afande. Ni bunduki."

Sijawahi kuona daladala iliyojaa ikimwagika upesi namna ile. Mama mmoja mnene, ambaye wakati wa kupanda alihitaji kusukumwa na watu, alitokea dirishani bila msaada wa mtu, na dereva alikuwa wa kwanza kufika mtaroni. Trafiki alijibanza nyuma ya pikipiki yake, akiuliza mmiliki yuko wapi.

"Yuko kihambani."

"Mpigie simu aje sasa hivi!"

"Afande, tulishamzika."

Polisi waliofika kutuchukua walikagua, wakakuta mtutuni hamna baruti, bali kiota cha nyigu kilichokauka. Kituoni tuliandikiwa maelezo kwa heshima, pasipo kushtakiwa, kama msamaha ulivyoahidi. Aliyetushtaki ni konda, aliyetufuata hadi kaunta akidai nauli za abiria wote waliokimbia, na hakuondoka mpaka baba mdogo alipomkabidhi mikungu yote ya ndizi.