DJ, hebu nyamaza kidogo

Muvi ya kutisha ikitafsiriwa kwa Kiswahili na DJ, yule anayeingiza sauti yake juu ya muvi, naye akaropoka mwanzo mwisho, haitishi tena. Inakera. Chukua Gerald's Game ya Mike Flanagan, iliyotoka Netflix mwaka 2017. Mwanamke kafungwa pingu kitandani mikono yote miwili, mume kaanguka kafa, nyumba iko mbali na watu. Utamu wote uko kwenye ule ukimya: anavyouvuta mkono kuifuata glasi ya maji juu ya shelfu, pingu zinalia, nawe umebana pumzi.

Hapohapo DJ anadakia: "Oyaa, dada kiu imemkaba, subirini muone!" Halafu anaanza kuwasalimia wana wa Temeke na Mbagala. Jamani! Mbaya zaidi, anatangulia kusema nani kasimama gizani kwenye kona ya chumba.

Muvi za mapigano sawa, piga kelele, na wasiojua Kiingereza wanafaidika kweli. Ila ya kutisha, tafsiri maneno ya wahusika tu, basi. Na nyie mnaouza muvi mitaani, tuwekeeni na ile isiyotafsiriwa. Kila nikiuliza naambiwa haina wateja. Sisi ni nani?