Aliyeandika ripoti naye aje aulizwe

Bili ya maji ya mama mdogo ilipanda mara tatu katika miezi ambayo maji yenyewe yalikuwa yanatoka siku mbili kwa wiki. Yeye alishajua sababu. Siku moja aliniita asubuhi maji yakiwa ndiyo yanafunguliwa, tukachuchumaa wote wawili kwenye mita. Bomba likaanza kukohoa, upepo ukatoka kwa kishindo, na mita ikawa inazunguka kwa kasi huku ndoo chini ya bomba bado kavu. "Unaona? Nalipia upepo," akaniambia.

Alilalamika, akaitwa kwenye kikao cha kusikiliza malalamiko, nami nikamsindikiza. Watoa huduma walimleta ofisa wao wa sheria na karatasi moja yenye mhuri wa buluu: mita imepimwa, inasoma sawasawa. Fundi aliyeiandika hakuwepo. Mama mdogo akanyoosha mkono. "Mheshimiwa Mwenyekiti, huyo fundi aliipima kwa maji au kwa upepo?" Ofisa akajibu kwamba yeye si fundi. Mwenyekiti, kwa upole kabisa, akasema hapa si mahakamani, mambo ya kuhoji mashahidi hayapo, kama mama ana swali aliandike aliwasilishe. Ripoti ikapokelewa kama ilivyo, na lalamiko likatupwa kwa nguvu ya ripoti hiyo.

Kwenye korido akaniuliza, "Mwanangu, mimi nilikuja kusikilizwa au kusomewa?"

Sina sababu ya kuamini kwamba yule fundi alidanganya, na hapo ndipo linaponiuma. Huenda ile mita ilikuwa nzima kweli kule karakana, ambako bomba limejaa maji mwanzo hadi mwisho wa kipimo. Karatasi inaweza kuwa ya kweli neno kwa neno na bado ikawa haijagusa kilicholalamikiwa. Swali moja, la sekunde kumi, lingelionyesha hilo mbele ya wote. Wengi wetu tumeyajua maswali ya dodoso, yaani ya kumhoji shahidi wa upande wa pili, kupitia habari za kesi kubwa, wakili akimbana shahidi mpaka jasho limtoke, tukadhani kazi yake ni kuwaumbua waongo. Mimi naona kazi yake kubwa zaidi ni kuonyesha ushahidi wa mtu mkweli unaishia wapi.

Katiba yetu ya Tanzania, ibara ya 13(6)(a), inampa mtu haki ya "kusikilizwa kwa ukamilifu" pale haki na wajibu wake vinapoamuliwa na Mahakama au "chombo kinginecho kinachohusika". Waliotunga maneno hayo hawakuishia mlangoni mwa mahakama. Kwa hiyo jibu la "hapa si mahakamani" halitoshi. Wenzetu Kenya wamelisema jambo hili waziwazi: sheria yao ya mwaka 2015 kuhusu haki katika maamuzi ya kiutawala, kifungu cha 4, inataka mtu anayechukuliwa hatua apewe nafasi ya kuwahoji wanaotoa ushahidi dhidi yake.

Najua hoja ya upande wa pili, na ni hoja nzito. Vikao hivi viliundwa viwe vya haraka na vya bei nafuu, mtu aende bila wakili. Ukifungua mlango wa mahojiano, kampuni italeta mawakili watatu, na atakayehojiwa siku nzima mpaka alie ni mama mdogo. Nakubali hatari hiyo ipo. Dawa yake ni mwenyekiti anayeshika usukani: maswali yahusu lalamiko tu, yawe machache, na anayemdhalilisha mwenzake anyamazishwe. Fundi wala hahitaji kusafiri, apigiwe simu, iwekwe spika mezani. Mahakama ya Juu ya India ilishaliona hili mwaka 2002, katika shauri la mlaji, yaani mtumiaji wa huduma, dhidi ya daktari. Ilisema kwamba mabaraza ya walaji yanaweza kuendelea kusikiliza kwa njia ya mkato, na wataalamu wakahojiwa kwa maswali ya maandishi, kwa simu au kwa video. Hiyo ni zaidi ya miaka ishirini iliyopita, kabla kila mtu hajawa na simu ya kupiga video mfukoni.

Halafu kuna suala la rufaa, ambalo naona linasahaulika. Rufaa dhidi ya maamuzi ya mamlaka za udhibiti, ikiwemo ile inayosimamia huduma za maji, husikilizwa na Baraza la Ushindani, lililoundwa na Sheria ya Ushindani ya 2003. Anayesikiliza rufaa huanza na mwenendo wa shauri, yaani kilichosemwa na kuandikwa kule chini. Swali lililozuiwa halina jibu kwenye mwenendo. Atakayeshika jalada hilo atakuta ripoti yenye mhuri, na upande wa pili mama anayesema mita inahesabu upepo. Wewe ungemwamini nani?

Mama mdogo alilipa deni kwa awamu tatu. Siku hizi maji yakikatika anafunga koki ya kwenye mita, na haifungui mpaka asikie ndoo za jirani zinajaa. Lile swali aliliandika kama alivyoagizwa, kwenye karatasi ya daftari la mjukuu wake, akalipeleka masjala, nakala yake ikagongwa mhuri wa kupokelewa. Jibu bado halijaja.