Kucheza Saa Moja, Kukarabati Siku Nzima

Nauliza tu, wala sitafuti ugomvi: ni lini kucheza gemu kuligeuka kazi ya karani wa bohari? Zamani gemu ilikuja kwenye CD. Unaitia, mashine inanguruma kama ina mafua, unacheza. Leo mlangoni kaketi bawabu, yaani programu ya kununulia na kufungulia gemu. Steam kaketi hapo tangu 2003, Epic Games akaja na kiti chake 2018, na GOG yupo, na EA, na Ubisoft, na Battle.net, na Xbox. Kila mmoja ana nywila yake, na ule msimbo wa kuthibitisha anaoutuma kwenye barua pepe ambayo nayo nywila yake umeisahau. Tena kuna milango yenye mabawabu wawili. Red Dead Redemption 2 ukiinunua Steam, unambishia Steam, anakufungulia vizuri tu, kumbe ukumbini yumo bawabu wa Rockstar: "Na wewe nani?" Nyumba moja, walinzi wawili, salamu hawapeani.

Haya, umeingia. Unabonyeza kucheza. Kitufe kinabadilika rangi, sekunde nne, kinarudi kijani kama kilivyokuwa. Hakuna kosa lililoandikwa, hakuna hata pole. Hapo ndipo wanapojitokeza mabingwa wa ushauri, na bingwa ana dawa moja tu mkobani: "Futa, weka upya." Gemu haifunguki? Futa, weka upya. Sauti haitoki? Futa, weka upya. Umefungwa mabao matano? Futa, weka upya.

Ndugu mshauri, unakijua unachokisema? Baldur's Gate 3 inataka GB 150 za diski. Chukua intaneti ya megabiti 20 kwa sekunde. Megabiti, si megabaiti, na hapo ndipo watu wengi wanapoliwa: biti 8 ndizo baiti 1, kwa hiyo hiyo 20 uliyoahidiwa inakuletea megabaiti 2.5 kwa sekunde, tena siku ambayo nyumba nzima imelala. Piga hesabu: sekunde 60,000. Saa 16 na dakika 40. Hata ukipunguza kidogo kwa sababu Steam huyabana mafaili kabla ya kuyatuma, bado ni usiku kucha na asubuhi yake. Na kilichokuwa kimeharibika ni faili moja la MB 3.

Kabla ya kufuta, hakiki. Kwenye Steam, ingia maktaba, bonyeza jina la gemu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, chagua "Properties", kisha "Installed Files", kisha "Verify integrity of game files". Aliyekificha kitufe hicho humo ndani, milango mitatu kwenda chini, hakutaka kisumbuliwe. Epic ni vitone vitatu kando ya jina la gemu, "Manage", "Verify". GOG Galaxy utaingia "Manage installation" ukutane na "Verify / Repair". Battle.net ni kigurudumu cha meno kando ya kitufe cha kucheza, halafu "Scan and Repair". Ubisoft Connect wanasema "Verify files", EA wanasema "Repair". Kazi moja, majina sita, kama mtu anayekimbia madeni.

Kazi yenyewe, kwa haki ya Mungu, ni nzuri. Bawabu ana orodha ya kila faili la gemu, na kila kipande kina alama yake, yaani hesabu iliyopigwa juu ya yaliyomo. Ikibadilika herufi moja tu, hesabu haifanani. Steam huyakata mafaili vipande vya takriban MB 1, anavisoma kimoja kimoja kutoka kwenye diski yako, analinganisha, halafu anapakua vile vibovu tu. Ndiyo maana hatua ya kwanza haili intaneti. Inayolia ni diski. Diski ya sahani inayosoma MB 150 kwa sekunde itazimaliza GB 150 kwa dakika kama 17, ikiwa haina kazi nyingine. SSD ya SATA, ile diski isiyo na sahani, yenye MB 500 kwa sekunde, dakika 5. Kwa hiyo ukiona asilimia imeganda kwenye 34, usiizime. Imekutana na faili moja nene la GB 20 na inalimeza polepole. Nenda kafue nguo.

Sasa njoo kwenye yale ambayo uhakiki hauyatengenezi, maana hapa ndipo watu wanapotukana programu isiyo na kosa.

Hauondoi mafaili uliyoyaongeza wewe. Orodha ya bawabu ina mafaili yake tu. Ukimletea mgeni asiyemjua, hamuulizi wala hamfukuzi. Umeweka modi, yaani nyongeza za mashabiki za kuibadilisha gemu, na modi nyingi huingia kwa kutupa faili kama dinput8.dll au dxgi.dll ndani ya folda ya gemu. Mafaili ya dll ni maktaba za msimbo ambazo programu huazima, na Windows ikitafuta dll ya jina hilo huanza kwenye folda ya programu yenyewe, kwa hiyo inambeba mgeni na kumwacha mwenyeji. Likija sasisho, modi ya zamani haielewani na gemu mpya, gemu inakufa mlangoni. Unahakiki: kila kitu safi. Unahakiki tena: safi. Hata ukifuta gemu kupitia Steam, ukarudi kwenye steamapps\common, humo Steam anamowekea gemu, folda ile ipo, na ndani yake kaketi dll yako, imekunja nne. Unapakua GB 150 mpya juu yake, na gemu inakufa palepale. Saa 16 na dakika 40 zimekwenda, na mshauri wako simu haipokei. Ifute folda hiyo kwa mkono, ndipo usakinishe. Ila chungulia kwanza kama hakuna sevu ndani, yaani faili la pale ulipofikia kwenye gemu, maana gemu chache za kizamani huweka sevu humohumo.

Wala hautengenezi mipangilio. Uliweka skrini kwenye ukubwa ambao kioo chako hakiuwezi? Hayo yamo kwenye AppData, folda ya Windows iliyofichwa, au kwenye "My Games" ndani ya Documents, nje ya himaya ya bawabu. Badilisha jina la folda ya mipangilio, usiifute, gemu itajitengenezea nyingine.

Halafu kuna vifaa vya Windows vyenyewe. Ukiambiwa VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll haipo, gemu haina ugonjwa. Kinachokosekana ni Visual C++ Redistributable, kifurushi cha Microsoft chenye dll hizo, na uiweke ya x64 (biti 64) na ya x86 (biti 32) zote mbili, kwa sababu gemu ya biti 32 haitumii ile ya 64 hata kama Windows yako ni ya 64. Ikidaiwa d3dx9_43.dll, hiyo ni DirectX ya zamani, vifaa vya Windows vya kuchorea picha za gemu, kifurushi cha Juni 2010, na Windows 10 au 11 haiji nacho. Tafadhali usiende kudownload dll moja moja kwenye vichochoro vya intaneti. Angalia kwanza folda ya _CommonRedist ndani ya gemu. Mara nyingi vifaa vimo humo, vimekaa vinakusubiri.

Na sasisho! Sasisho la GB 2, Steam anakwambia nafasi haitoshi, na diski ina GB 40 wazi. Unahisi unaibiwa. Huibiwi. Gemu nyingi hufunga vitu vyao kwenye marobota makubwa ya mafaili. Kubadilisha kitu kidogo ndani ya robota la GB 50, Steam analijenga robota jipya pembeni, kwenye folda ya steamapps\downloading, akilichukua lile la zamani na kuchomeka vipande vipya, kisha anabadilishana. Kwa muda, robota moja linakuwa mawili. Ndiyo maana upakuaji unaisha dakika 10, halafu diski inakoroma saa nzima huku mstari wa intaneti ukisoma sifuri. Usibonyeze kusitisha na kuendelea, kusitisha na kuendelea, kama unamsukuma punda. Acha angalau nafasi wazi kubwa kuliko faili kubwa kuliko yote ya gemu hiyo. Na ile diski uliyouziwa ya TB 1, Windows inaisoma GB 931, kwa sababu muuzaji anahesabu kwa 1,000 na Windows inahesabu kwa 1,024. Hapo nako huibiwi, ingawa inauma vilevile.

Upakuaji ukigoma na kosa la kuandika kwenye diski, usikimbilie kumtuhumu bawabu. Zima Steam kabisa, pamoja na kile kialama chake kilichojificha karibu na saa, uiwashe. Haikusaidia? Ingia mipangilio, sehemu ya upakuaji, ufute akiba ya upakuaji. Gemu zako hazitafutika, utaombwa tu kuingia upya. Bado? Nenda kwenye folda ya downloading, utakuta folda zenye namba. Namba ndiyo kitambulisho cha gemu: 570 ni Dota 2, 730 ni Counter-Strike 2. Steam akiwa amezimwa, futa ile yenye namba ya gemu inayogoma, uanze tena. Na kama diski ya nje imepangwa kwa FAT32, mfumo wa zamani wa kupanga mafaili, pumzika: FAT32 haipokei faili linalofika GB 4, na hakuna kitufe cha kuibembeleza. Inabidi ipangwe upya kwa NTFS, mfumo wa kisasa zaidi, na kupanga upya kunafuta kila kitu, kwa hiyo hamisha picha za harusi kwanza.

Kuhamisha gemu kutoka diski moja kwenda nyingine, watu wanaburuta folda kama wanahamisha kabati. Bawabu anarudi, anakuta chumba kitupu, anaandika kwenye daftari "haijasakinishwa". Steam ana njia yake: "Installed Files" palepale, kuna kitufe cha kuhamisha. Kama umeshaburuta, hujaharibu kitu. Weka folda ndani ya steamapps\common ya maktaba mpya, kwa jina lilelile bila kuongeza hata nafasi, kisha bonyeza kusakinisha na uchague diski hiyo. Steam atakuta mafaili yapo, atayahakiki, na kupakua yanayopungua tu. Kwa Epic inataka ujanja kidogo: nakili folda pembeni kwa jina jingine, futa gemu kwenye programu, anza kuisakinisha mahali papya, isitishe ikifika asilimia chache, rudisha mafaili yako ndani ya folda mpya, endelea. Atayakagua na kuyakubali, shingo upande.

Na antivairasi! Huyu naye ni bawabu wa tatu, hakuajiriwa na yeyote kati ya wale wawili. Anaona faili la gemu, halipendi sura, analitia kizuizini kimyakimya. Unahakiki, Steam anapakua faili lilelile, antivairasi analikamata tena. Dalili yake ni hiyo: faili ni moja, jina halibadiliki, kila siku linapotea. Lirudishe kutoka karantini na uiandikie folda ya gemu ruhusa, kama gemu umeitoa mahali halali; kama umeitoa vichochoroni, antivairasi pengine ana haki, na mimi simo.

Lakini ukihakiki leo yakaharibika mafaili 6, kesho 11 mengine, keshokutwa 4 ambayo hayakuwemo, acha kulaumu gemu. Hilo ni suala la chuma. Ama diski inakufa, ama RAM, ile kumbukumbu ya muda ya kompyuta, inasahau. CrystalDiskInfo itakuonyesha afya ya diski ndani ya dakika moja. RAM ipime kwa MemTest86, inayowashwa kutoka kwenye flashi kabla ya Windows, na uiache usiku mzima. Kosa moja tu jekundu latosha kuikataa RAM. Kama umeiongezea kasi kwa mpangilio uitwao XMP, izime kwanza upime tena kabla ya kununua nyingine.

La wingu, yaani nakala ya sevu inayohifadhiwa kwenye seva za duka, nalilaani kwa ufupi. Ukiulizwa uchague sevu ya kwenye kompyuta au ya kwenye wingu, usibonyeze kwa hasira. Soma tarehe na saa za zote mbili, na kabla ya kuchagua nakili folda ya sevu uiweke kwenye eneo-kazi. Ukichagua visivyo, ile nyingine inafunikwa, na mashujaa wako wa saa 80 wanarudi kijijini na rungu la mti.

Basi umefanya yote. Modi zimeondoka, nafasi ipo, antivairasi amepewa maelezo, RAM ina akili timamu. Unahakiki mara ya mwisho, kwa moyo mkunjufu. Asilimia 100. Na chini yake: faili 1 limeshindwa uhakiki, litapakuliwa upya. Unahakiki tena. Faili 1. Unawasha upya kompyuta, unahakiki. Faili 1! Ndugu yangu, liache. Aghalabu hilo ni faili la mipangilio, gemu inaliandika upya kila unapoicheza, kwa hiyo halitafanana na la kiwandani hata ulihakiki mpaka asubuhi. Steam wenyewe wanasema ni kawaida. Wamelisema hilo kwenye ukurasa wa msaada, mahali ambapo mtu mwenye gemu nzima hana sababu ya kwenda.