Strasburg na dola milioni 245: hesabu inayoacha msimu mzima nje

Stephen Strasburg, mrushaji wa besiboli wa Marekani, alipostaafu rasmi Aprili 2024, hesabu iliyozunguka kila mahali ilikuwa fupi. Klabu yake, Washington Nationals, walimsainisha mkataba wa miaka 7 wa dola milioni 245, naye akawarushia vipindi 31 na theluthi moja tu (mechi ina vipindi 9, na kila kipindi huisha wapigaji watatu wakitolewa, kwa hiyo theluthi ni mpigaji mmoja). Gawanya, unapata karibu dola milioni 7.8 kwa kila kipindi. Mrushaji anayeanza mechi hupanda kilimani, yaani pale palipoinuka anaporushia mpira, kila siku ya tano, na msimu wake ukienda vizuri hufikisha mechi 32 na vipindi vinavyokaribia 200. Strasburg alianza mechi 8 tangu asaini. Hiyo ni kazi ya siku arobaini ndani ya mkataba wa miaka saba.

Tarakimu hizo ni za kweli. Tatizo ni kwamba zinaanza kuhesabu Desemba 2019, wakati kilichonunuliwa kilikuwa kimeshaonekana miezi miwili kabla.

Tuangalie kwanza mkataba wenyewe. Mei 2016 klabu ilimpa miaka 7 kwa milioni 175, kukiwa na kipengele cha kumruhusu ajitoe baada ya msimu wa 2019. Alipojitoa, alikuwa ameacha mezani miaka 4 na milioni 100. Kwa hiyo, kwa Strasburg, nyongeza halisi ilikuwa milioni 145 kwa miaka mitatu zaidi, na milioni 80 za mkataba mpya zilisogezwa mbele zilipwe baadaye. Wanaoukosoa mkataba wana jibu zuri hapa, na lazima lisemwe: mchezaji akijitoa, klabu inakuwa huru. Nationals hawakudaiwa hata senti ya ile milioni 100. Wangeweza kumshukuru, wakampungia mkono na kubaki na fedha zote.

Hoja yao haiishii hapo. Strasburg alikuwa na miaka 31, na rekodi yake ya majeraha ilijaza ukurasa. Alipasuliwa kiwiko 2010, msimu wake wa kwanza, akawekewa kano kutoka sehemu nyingine ya mwili mahali pa ligamenti iliyochanika. Mwaka 2016 kiwiko kilimkosesha mechi za mtoano. Mwaka 2018 bega na shingo vilimwachia mechi 22 tu. Majira hayohayo ya baridi ya 2019, mrushaji Zack Wheeler, ambaye naye alishapasuliwa kiwiko, alisaini na Philadelphia miaka 5 kwa milioni 118, akawa mmoja wa warushaji bora kabisa wa miaka iliyofuata. Kwa nusu ya bei. Mtu akikuwekea mezani mfano wa Wheeler, huna pa kukimbilia.

Ila tujiulize Nationals walikuwa wanachagua kati ya nani na nani. Mchezaji wao mwingine mkubwa aliyekuwa huru majira hayo alikuwa Anthony Rendon, mpigaji, mtu ambaye si mrushaji na ambaye kwa kanuni ya kawaida ndiye fedha salama. Klabu ya Los Angeles Angels ikampa Rendon miaka 7 kwa milioni 245, kiasi kilekile mpaka tarakimu ya mwisho. Katika misimu yake mitano ya kwanza huko hakuwahi kucheza mechi zaidi ya 58, ilhali msimu kamili una mechi 162. Anayesema ilikuwa wazi kwamba mpigaji anadumu na mrushaji anavunjika, aeleze hilo kwanza.

Sasa tuje kwenye msimu unaoachwa nje ya hesabu. Mei 2019 Nationals walikuwa wameshinda mechi 19 na kupoteza 31. Strasburg alimaliza msimu wa kawaida na vipindi 209, wapigaji 251 aliowatoa kwa straiki (yaani walioshindwa kuupiga mpira uingie uwanjani), ushindi 18 na kupoteza 6. Kisha ikaja Oktoba. Tarehe 1, katika mechi moja ya kufa au kupona dhidi ya Milwaukee, aliingia kama mrushaji wa akiba, kazi ambayo hakuwahi kuifanya kwenye ligi kuu. Vipindi 3, hakuna mkimbio, yaani pointi, aliofungwa. Siku tatu baadaye akaanza mechi Los Angeles, dhidi ya Dodgers: vipindi 6, mkimbio 1, straiki kwa wapigaji 10. Tarehe 9 akarudi Los Angeles kwenye mechi ya tano ya mzunguko huo. Dhidi ya St. Louis aliwatoa 12 kwa straiki katika vipindi 7.

Halafu Houston, mechi ya 6 ya World Series, fainali ambayo bingwa ni wa kwanza kushinda mechi 4, Nationals wakiwa nyuma kwa mechi 3 kwa 2. Kipindi cha kwanza alifungwa mikimbio 2. Kocha wa warushaji, Paul Menhart, akamwambia kwamba mikono yake inatoboa siri ya aina ya mpira unaokuja. Tangu hapo akawa anaitikisa glavu kabla ya kila mrusho ili wapigaji wasisome kitu. Hakufungwa tena. Aliondoka kipindi cha 9 akiwa na vipindi 8 na theluthi, yaani amebakiza watu wawili kumaliza mechi peke yake. Siku iliyofuata, kwenye mechi ya 7, Nationals wakatwaa ubingwa, wa kwanza kwa jiji la Washington tangu 1924, naye akachaguliwa mchezaji bora wa fainali.

Jumlisha mtoano, vipindi 36 na theluthi, na msimu wa kawaida, 209. Unapata vipindi 245 na theluthi moja katika mwaka mmoja. Kufanana na zile milioni 245 ni sadfa tu, lakini kama kuna tarakimu ya kuandikwa kando ya 31 na theluthi, ni hiyo. Klabu iliutumia mkono ule wakati wa kuutumia, bila kuubania, na bei ya kuutumia hivyo ikaja baadaye kama inavyokuja mara nyingi kwa warushaji. Soko la besiboli haliruhusu ulipe kazi ya jana. Unalipa miaka ijayo na kuiita matarajio. Kila aliyekuwa chumbani Desemba ile alijua sehemu ya fedha zile ni za Oktoba.

Kuna watakaosema haikupaswa kuwa hivyo, maana ndiyo klabu ileile iliyomfungia 2012. Mwaka ule, wa kwanza kamili baada ya upasuaji, meneja mkuu Mike Rizzo alimsimamisha Septemba akiwa na vipindi 159 na theluthi, timu ikiwa inaelekea kumaliza na ushindi 98, rekodi bora ya ligi nzima. Nationals wakatolewa na St. Louis kwa mechi 3 kwa 2, baada ya kuongoza 6-0 kwenye mechi ya mwisho. Lawama zikamwangukia mtu ambaye hakuwepo uwanjani, ingawa waliofungwa mikimbio minne kwenye kipindi cha 9 ni wengine. Ulinganisho mzuri ni Matt Harvey, mrushaji wa New York Mets. Mwaka 2015, naye akiwa katika mwaka wa kwanza baada ya upasuaji kama ule, aliachwa arushe vipindi 216 pamoja na mtoano. Hakuwahi tena kumaliza msimu akiwa chini ya wastani wa mikimbio 4.8 aliyofungwa kwa vipindi 9, na kwa mrushaji wastani ukiwa mdogo ndivyo bora. Strasburg baada ya 2012 alirusha vipindi zaidi ya 1,200. Watu wawili si ushahidi, lakini anayemcheka Rizzo ana mfano mmoja pia.

Cha ajabu ni kwamba wote wawili waliishia kwa tatizo lilelile, na kiwiko hakihusiki. Mishipa ya fahamu na ya damu inayokwenda mkononi hupita kwenye upenyo mwembamba kati ya mtulinga na ubavu wa kwanza, ikipenya katikati ya misuli ya shingo. Kurusha maelfu ya mipira hunenepesha misuli hiyo, upenyo unabana, vidole vinakufa ganzi. Mrushaji asiyehisi ncha za vidole hawezi kuupa mpira mzunguko wala kuuelekeza. Agosti 2020 Strasburg alipasuliwa kifundo cha mkono kwa sababu ya ganzi. Julai 2021 akaondolewa ubavu mmoja na misuli miwili ya shingo. Ligamenti ya kiwiko hubadilishwa, na wengi hurudi baada ya mwaka mmoja hadi mwaka na nusu. Neva iliyobanwa kwa miaka haina kipuri. Alirudi kwa mechi moja tu, Juni 9, 2022, Miami: vipindi 4 na theluthi mbili, mikimbio 7, na mwisho wa kazi.

Hasara ipo, na ni kubwa. Milioni 35 kwa mwaka zilikaa kwenye vitabu vya timu wakati nyota wake Max Scherzer na Trea Turner wakibadilishwa kwa wachezaji wa timu nyingine 2021, na Juan Soto 2022. Lakini katika timu ileile kulikuwa na mrushaji mwingine, Patrick Corbin, miaka 6 kwa milioni 140, mshindi wa ile mechi ya 7 ya 2019, ambaye hakuumia. Mwaka 2022 alianza mechi 31: akashinda 6, akapoteza 19, kwa wastani wa mikimbio 6.31. Timu ilipoteza mechi 107. Kwa hesabu ya dola kwa kipindi, Corbin alikuwa bei nafuu kuliko Strasburg.